Uliza Lugha: Kiarabu cha Darsani na Kiarabu cha Sokoni

*Nimesoma madrasa miaka saba na nahau naijua. Sasa niko Dubai, nauza dukani, na wateja wakisema siambulii kitu. Je, watu wa huku wameiharibu lugha yao? Nifanyeje?*
— Msomaji mzaliwa wa Tanga

Hawajaiharibu. Ulichosoma darsani ni fus-ha, Kiarabu ambacho hakuna mtoto anayelelewa nacho nyumbani. Mwarabu mwenyewe hukisomea shuleni kama ulivyokisomea wewe. Kinachosemwa jikoni na sokoni ni lahaja, na lahaja ina sarufi yake kamili. Mwanaisimu Mmarekani Charles Ferguson aliieleza hali hii mwaka 1959 kwa jina la diglosia: sura mbili za lugha katika jamii moja, kila moja na mahali pake. Taarifa ya habari huenda na fus-ha, bei ya samaki huenda na lahaja. Ukimuuliza muuza samaki kwa fus-ha atakuelewa, lakini atakujibu kwa lahaja, na hapo ndipo unapoachwa njiani.

Anza na sauti kabla ya msamiati. Herufi tatu zitakufungulia sehemu kubwa ya unachosikia. Dubai, qafu hutamkwa g: qahwa ni gahwa, qalb ni galb. Jimu mara nyingi huwa y: rajul, mwanamume, husikika rayyaal, na jaay, "anakuja", husikika yaay. Kafu ikiwa jirani na irabu ya mbele (i, e, na mara nyingine a) hugeuka ch: kam, "ngapi", ni cham, na "nyumba yako" akiambiwa mwanamke ni beetich.

Hiyo ch ya mwanamke ina ukoo mrefu. Oman, katika lahaja za watu wa mijini na milimani, utasikia sh: beetish. Sibawayhi, mwanasarufi wa Basra aliyefariki mwishoni mwa karne ya 8, aliandika kwamba watu wengi wa kabila la Tamim na baadhi ya Asad walitia shini mahali pa kafu ya mwanamke. Basi anayekwambia kwamba tofauti hizi ni uharibifu wa juzi hajafungua vitabu vya nahau yenyewe.

Mtego ni sauti g. Dubai ni qafu. Cairo ni jimu: ngamia ni gamal, na qafu yao humezwa kooni, kahawa ikawa ahwa. Oman ya milimani qafu imebaki kama ulivyofundishwa, na g ni jimu. Ila Mabedui wa Oman hiyohiyo hutamka qafu kwa g. Kabla hujaitafsiri g, jua kwanza anayesema ni nani.

Chukua maneno 20 unayoyajua yenye herufi hizo. Yaandike kwa matamshi ya darsani, mwombe mfanyakazi mwenzako aliyezaliwa huko ayatamke, nawe uandike ulichosikia pembeni. Dakika 15 kwa siku zinatosha. Sauti zikikukaa, ongeza vijineno vinavyobeba sentensi: al-hiin (sasa), abaa (nataka), shuu (nini), ween (wapi).

Jihadhari na b- mbele ya kitenzi. Katika Ghuba huonyesha wakati ujao: byiktib ni "ataandika". Kwa Mmisri, biyiktib ni "anaandika", na wakati ujao wake ni ha-. Aliyejifunzia kwenye filamu za Misri akifika Dubai huambiwa mzigo utakuja, yeye akasikia unakuja, akatoka kuupokea mlangoni. Pia dukani utasikia Kiarabu kifupi cha wafanyakazi wahamiaji, chenye fii mbele ya kitenzi na mnyambuliko uliokatwa. Kifahamu, kwa kuwa kazi inakitaka, lakini usijifunzie hapo.

*Kwa nini sisi tunasema "kadhi" na Wapakistani wanasema "qazi", ilhali neno ni moja? Na maneno yetu ya Kiarabu tumeyapata kwa Waarabu gani?*
— Mwalimu, Mombasa

Swali hili lingejaza gazeti zima. Neno ni lenye dhwadi (ض). Kiurdu kililipokea kupitia Kiajemi, ambako dhwadi husomwa z. Sisi tulilipokea kutoka pande ambako dhwadi na dhwaa (ظ) zimekuwa sauti moja, ulimi ukiwa katikati ya meno: Oman, Ghuba, na sehemu kubwa ya Yemen. Ndiyo maana Kiswahili kimeandika dh kwa zote mbili. Ardhi, fedha na kadhi zina dhwadi. Adhuhuri, hifadhi na dhuluma zina dhwaa. Angalia pia thelathini, thamani na dhahabu: th na dh zimesalimika. Kama walimu na wafanyabiashara wetu wangekuwa watu wa Cairo, tungetarajia t au s, na d au z.

Je, tuliyapata kitabuni au mdomoni? Kwa njia zote mbili, na ushahidi uko ndani ya maneno. Qafu yetu imekuwa k (kalamu, dakika, sanduku) na jimu yetu ni j (jirani, jibu, haja). Lahaja ya g kwa qafu isingetupa k, na lahaja ya Oman yenye g kwa jimu isingetupa j. Jozi hii inalingana zaidi na kisomo cha darsani. Sasa hesabu: ishirini, thelathini, hamsini. Fus-ha katika hali ya kiima ina -uuna, 'ishruuna. Lahaja hutumia -iin peke yake. Makumi yetu yote yanaishia -ini. Nayaona kuwa maneno ya mizani na kaunta, yaliyopokewa kwa sikio.

Kosa moja limeenea, tena hata kwa walimu: kudhani kwamba u ya "kitabu" ni dhamma (alama ya irabu u) ya Kiarabu. Sivyo. Ni irabu ya Kiswahili inayofuata sauti iliyotangulia. Baada ya b, m, f, yaani sauti za midomo, mara nyingi huja u: adabu, kalamu, sufu. Baada ya sauti za ulimi huja i: wakati, hadithi, sultani.

*Kinubi cha Bombo ni Kiarabu?*
— Msomaji, Kampala

Msamiati wake ni wa Kiarabu cha Sudan. Sarufi yake ni mpya. Ni krioli, yaani lugha iliyozaliwa kwa mchanganyiko wa watu wa lugha mbalimbali, hapa askari na familia zao. Kati yao, mabaki ya jeshi la Emin Pasha, gavana wa Ikweta kusini mwa Sudan, yaliletwa Uganda na ofisa Mwingereza Lugard mwaka 1891. Wajukuu wao wako Bombo na Kibera. Mwarabu hunyambua kitenzi: aruuh, tiruuh, yiruuh. Mnubi husema ana rua, ita rua, uo rua, kitenzi hakibadiliki. Wakati huwekwa mbele: ana gi-rua, "ninakwenda", ana bi-rua, "nitakwenda". Ha ya kooni imedondoka, irabu imefunga neno. Tukiite kwa jina lake, Kinubi.

*Nataka kurekodi wazee wa Unguja wanaosema Kiarabu cha Oman kwa ajili ya tasnifu. Nianzie wapi?*
— Mwanafunzi, Zanzibar

Anza na kitabu cha Mjerumani Carl Reinhardt, kilichochapwa mwaka 1894, kuhusu lahaja ya Oman na Zanzibar. Utapata cha kulinganisha kwa zaidi ya miaka 130.

Kosa kubwa ni kuuliza kwa fus-ha. Ukisema "mnasemaje rajul?", mzee atakurudishia rajul kwa heshima ya Qurani, nawe utarekodi elimu yake ukaiacha lahaja yake. Uliza kwa Kiswahili, au onyesha picha na vitu: jiwe, kisu, tende. Orodha ya maneno 100 yatosha, kila neno mara tatu, na uchambue la katikati, kwa kuwa la kwanza na la mwisho hubeba kiimbo cha kuorodhesha. Kisha mwache aeleze kazi anayoijua, kama kupika halua. Dakika 10 za mwanzo mtu hujisikiliza, zinazofuata ndizo zenye mali.

Rekodi kwa WAV, 44.1 kHz, biti 16, chaneli moja: kama MB 5 kwa dakika. Usitumie ujumbe wa sauti wa WhatsApp. Hukata masafa ya juu, na humo ndimo thaa (th), fee (f) na sini (s) zinamotofautiana. Kipaza sauti kikae sentimita 20 kutoka mdomoni, upande kidogo, pumzi isikipige. Zima feni. Omba ridhaa kabla ya kuwasha kinasa, na umwachie mzee nakala.

*Lahaja gani iko karibu zaidi na fus-ha?*
— Msomaji, Muscat

Hakuna moja. Milima ya Oman imehifadhi qafu lakini jimu imegeuka. Dubai imehifadhi thaa na dhali (dh) lakini kafu imegeuka. Ukiuliza kuhusu herufi moja moja utajibiwa. Ukiuliza kuhusu lahaja nzima, kila mtu atakutajia ya kwao.