Mkusanyiko wa Murumbi, vigango vya wizi, na mto wa babu: majibu ya wiki hii

Maswali yenu ya sanaa na vitu vya kale yamerundikana tena, na mengi ni yale yale. Nitajibu nitakavyoweza.

Nairobi ni jiji kubwa hivi, mbona haina jumba la sanaa? (Kayole)

Hili nimelijibu mpaka nimechoka, lakini sawa. Nairobi Gallery iko pale Kenyatta Avenue inapokutana na Uhuru Highway, ubavuni mwa Nyayo House, na kama unaingia tao kwa matatu unaipita karibu kila asubuhi. Lile jengo la mawe ni la 1913, lilikuwa ofisi ya PC, yaani mkuu wa mkoa, watu walikuja hapo kuandikisha watoto waliozaliwa, ndoa, na waliokufa. Leo lina sehemu ya mkusanyiko wa sanaa wa Joseph Murumbi, aliyewahi kuwa makamu wa rais. Sehemu nyingine kubwa iko Archives, hifadhi ya kumbukumbu za taifa, pale Moi Avenue, ndiyo hiyo hiyo Archives mnayoambiana "tupatane hapo" alafu mnasimama nje kwa jua nusu saa mkingoja mtu. Siku nyingine ngojeni ndani jamani.

Naruhusiwa kupiga picha? (Ruaka)

Uliza mlangoni. Na flash zima, hata usipoambiwa.

Nina mchoro wa zamani sana nimeutuma WhatsApp, unaweza kuniambia bei? (Nakuru)

Hapana. Umetuma mara tatu na jibu ni lile lile, mimi sipimi bei ya kitu kwa simu, na anayekubali kufanya hivo mkimbie.

Huyu Murumbi si alikuwa mwanasiasa tu? Alipata wapi vitu vyote hivyo? (mwanafunzi, Thika)

Mwanangu, umeuliza vizuri. Alizaliwa 1911, baba Mgoa mfanyabiashara, mama Mmaasai, akapelekwa India kusoma. Wakati wa hali ya hatari alikuwa uhamishoni Uingereza, akafanya kazi ubalozi wa Moroko pale London, na huko ndiko alikoanza kukusanya vitabu kuhusu Afrika, maana aliona historia yetu inauzwa kwa maduka ya vitabu vikuukuu na hakuna Mwafrika anayeinunua. Uhuru ukaja, akawa waziri wa mambo ya nje, 1966 akawa makamu wa rais wa pili baada ya Oginga Odinga, na mwaka wenyewe hata haukuisha vizuri akaachia ngazi. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 yeye na mkewe Sheila pamoja na Alan Donovan wakaanzisha African Heritage, na hapo vinyago, vitambaa, shanga na michoro kutoka kila pembe ya Afrika vikapata nyumba Nairobi.

Sasa sikiza sehemu ambayo hawafundishi. Wageni walikuwa na pesa tayari kwa ule mkusanyiko, yeye akataka ubaki Kenya, akauzia serikali. Vitabu peke yake vilivyochapishwa kabla ya 1900 ni zaidi ya 8,000, bado stempu, bado vinyago. Na nyumba yake ya Muthaiga nayo ilichukuliwa kwa makubaliano kwamba itakuwa kituo cha masomo ya Afrika, watafiti waje wasome hapo hapo. Kituo hakikuwahi kuwa. Nyumba iliachwa ikachakaa, ikabomolewa, kiwanja kikaenda kwa wajenzi. Alifariki 1990. Kaburi lake liko City Park, jirani na la rafiki yake Pio Gama Pinto aliyepigwa risasi 1965, na wakaweka pale kumbukumbu yenye sanamu za wasanii kama Elkana Ong'esa na Francis Nnaggenda. Nenda Jumapili uone, ila ficha ndizi zako, kima wa pale hawaombi ruhusa.

Nimeona kigango kinauzwa online, ni halisi? Ninunue kwa sitting room? (Mombasa)

Usinunue! Na wewe ni mtu wa Mombasa, Kilifi ni hapo tu, ungeuliza wazee kwanza. Kigango ni nguzo ya mbao, Wagiriama humchongea marehemu aliyekuwa mwanachama wa Gohu, chama cha wazee wao, kinasimikwa na hakihamishwi, mchwa wakikila ni sawa, ndivyo inavyotakiwa. Vilivyo kwa soko vingi viling'olewa usiku na vijana waliopewa hela kidogo na dalali. Jumba moja la makumbusho la Denver kule Marekani lilirudisha 30 mwaka 2019, na hata baada ya kurudi kazi ikabaki ile ngumu, kujua kila kimoja ni cha boma gani, manake aliyeking'oa hakuandika popote.

Kwa nini Waingereza wasirudishe vitu vyetu vyote mara moja? (Kisumu)

Nakubaliana na hasira yako, lakini vitu gani? Taja. Watafiti wetu na wenzao wa Ujerumani walikaa wakahesabu vitu vya Kenya vilivyo kwenye majumba ya nje, wakapata 32,321, na hiyo ni kwa majumba 30 tu. Wapokomo wanaijua ngoma yao Ngadji kwa jina, wanajua ilichukuliwa mwanzoni mwa karne ya 20, wanajua iko stoo ya British Museum, ndiyo maana wanaweza kuidai kwa sauti. "Vitu vyetu vyote" hakuna anayekujibu.

Babu ametuachia mto wa mbao wa kulalia kichwa na fimbo mbili. Tupeleke museum? (Kapenguria)

Pole kwa msiba. Kabla ya kupeleka popote, andika. Mimi niliwahi kupeleka kiondo cha marehemu nyanya kwa nyumba moja ya maonyesho, nikaandika jina lake kwa daftari lao, kijiji, mwaka alioanza kukisuka, na kwamba ile nyuzi ya buluu pale chini ni ya gunia alilofumua kuziba tundu. Niliporudi kukiona, kadi ilisema "Kikapu. Afrika Mashariki." Daftari halikuonekana tena. Nilisimama hapo nikiangalia ile nyuzi ya buluu mpaka askari akaniuliza kama niko sawa.

Kwa hivo nunua kitabu cha shilingi hamsini. Kila kitu ukurasa wake: nani alichonga, mti gani, babu alikipata kwa nani, alikitumia lini, nani yuko hai anayekumbuka. Waite shangazi zako, wao ndio wanajua. Nakala moja ibaki nyumbani, nyingine iende na vitu, na usikubali kuviacha bila barua iliyopigwa muhuri. Usipake vanishi, usiweke karibu na dirisha, na pale mbao iling'aa kwa mafuta ya kichwa cha babu usipasugue. Ukimaliza nitumie picha ya zile kurasa, ya mto baadaye.