Mzee aliyekufa mara 50,000

SWALI: Kwenye filamu ya The Last Samurai kuna mzee mkimya mwenye upanga, anamfuata Tom Cruise kila aendako. Ni nani, na mbona simwoni kwingine?

JIBU: Ni Seizo Fukumoto. Kwingine amejaa tele, ila kwa kawaida anakufa kabla hujaishika sura yake. Alizaliwa 1943 mkoani Hyogo, akaingia studio za filamu za Toei mjini Kyoto akiwa na miaka 15 tu. Kazi yake ilikuwa kukatwa upanga na steringi, na Wajapani wana jina la kazi hiyo: kirareyaku. Tamthilia za samurai kama Abarenbo Shogun zilihitaji kundi zima la watu wa kuanguka kipindi baada ya kipindi. Ndiyo maana wakamwita "aliyekufa mara 50,000". Si kazi ya kujaza watu, wala usiidharau: adui akianguka vibaya, steringi haonekani hodari.

SWALI: Lile anguko lake la kinyumenyume linafanywaje? Na panga ni za kweli?

JIBU: Linaitwa ebizori, yaani kupinda kama kamba wa baharini. Mtazame kwa makini: upanga ukishapita, anasimama kidogo, mgongo unapinda nyuma hadi uso unaangalia juu, mwili unatetemeka, ndipo anashuka chini. Kuna sababu. Steringi ameelekea kamera, kwa hiyo anayekatwa huipa mgongo. Akianguka kifudifudi hakuna atakayemwona. Akijipinda nyuma, sura zote mbili zinaingia kwenye picha moja.

Panga za mapambano hayo kwa kawaida ni za mianzi iliyofunikwa karatasi ya fedha, na mlio wa chuma huongezwa baadaye. Hata hivyo mwanzi unaumiza. Anayekatwa ndiye mwenye kupima umbali: akisogea mno anapigwa kweli, akibaki mbali kamera inaona pengo. Akistuka mapema, ujanja umefichuka. Akichelewa, upanga unaonekana umemkosa.

SWALI: Nianze na filamu yake ipi?

JIBU: Uzumasa Limelight ya 2014. Humo, akiwa na miaka zaidi ya 70, ndipo alipopewa uhusika mkuu kwa mara ya kwanza, akatunukiwa mwigizaji bora kwenye tamasha la Fantasia mjini Montreal. Alifariki Januari 1, 2021. Ukiitazama, zuia macho yasimfuate steringi. Mfuate anayekatwa, hasa miguu yake kabla ya kupinda.