Usinunue diski ya Roy Webb kabla hujakaa na filamu zake

Mkuu, hiyo diski usiilipie kwanza. Umeuliza kama mkusanyiko wa muziki wa filamu za kutisha wa Roy Webb, mtunzi wa muziki wa filamu za Hollywood, unatosha kumwelewa. Hautoshi! Mimi nilianzia hapo hapo, na miezi minane ya kazi yangu ikaenda na maji.

Muuzaji aliniapia kwamba huo ndio muziki wenyewe wa filamu. Kumbe ulirekodiwa upya, okestra nyingine, miongo kadhaa baadaye. Miswada ya muziki ya Webb iliteketea nyumba yake ilipoungua mwaka 1961, naye akaacha kutunga. Waliotaka kupiga tena baadhi ya kazi zake ikabidi waziunde upya. Hiyo si kazi mbaya, wameifanya kwa mapenzi. Lakini mtu anayejua hayo halafu anakuuzia bila kukuambia, huyo amekudanganya mchana kweupe, na hadi leo sijamsamehe.

Basi nikavaa spika za masikioni, nikajaza kurasa 30 za uchambuzi. Tano kati yake zilihusu lile tukio maarufu la Cat People (1942), Alice akifuatwa usiku kando ya bustani na Irena, mwanamke anayeogopa kugeuka chui. Nilikuwa nimelisoma tu, sijaliona. Nikachagua kipande kimoja cha kutisha kwenye diski, nikaamini ndicho chenyewe, nikachambua kila noti.

Siku nilipoitazama filamu, nilisikia viatu. Ko, ko, ko. Visigino vya Alice, na nyuma yake vya Irena. Vya nyuma vikanyamaza. Alice akageuka, hakuna mtu, akaongeza mwendo. Halafu basi la abiria likaingia kwa mlio mkali unaokurusha kitini. Muziki hakuna, hata noti moja! Kurasa zangu tano zilikuwa za kitu ambacho hakipo.

Mkitaka kucheka chekeni, ila niambieni ni diski gani ingenionyesha ukimya ule.

Kwa hiyo sheria yangu ni moja: filamu kwanza. Chukua karatasi, andika dakika muziki unapoingia, dakika unapotoka, na nani anazungumza wakati huo. Utamwona Webb anavyojibana chini ya maneno ya waigizaji, hapigani nao. Utasikia wimbo wa Kifaransa wa kubembeleza mtoto, ule wa Irena, anavyoupinda mpaka unakuwa na sumu. Alitajwa kuwania Oscar mara saba na hakupata hata moja, na nadhani ni kwa sababu hiyo hiyo: muziki wake haujitangazi.

Ukimaliza Cat People, nenda Notorious (1946), kisha Out of the Past (1947), ufuatilie wimbo mmoja wa mapenzi unavyorudi kila mara na sura nyingine. Leta karatasi yako hapa, nitailinganisha na yangu dakika kwa dakika.