Nilivyopoteza mteja kwa neno "revert"

Mi nafanya dizaini, nina kameza kangu na laptop hapa Sinza, kazi nyingi napata mtandaoni, na hii nawaandikia wadogo zangu ambao sasa hivi ndo wanaanza kutafuta wateja wa nje. Kiingereza cha shule mnacho, hilo halina shida. Kinachowaangusha watu ni vifupisho na yale maneno ambayo unaona unayajua kabisa, kumbe mwenzako anamaanisha kitu kingine.

Mwaka juzi mwezi wa pili nilikuwa na mteja wa Chicago, namtengenezea menyu ya mgahawa wake. Jumatatu nikamtumia ya kwanza, Jumatano nikambadilishia rangi na maandishi nikaiweka kwenye folda letu. Saa nne usiku, nimeshakula, nimeshajitupa kitandani, simu ikalia: "Please revert, need it by EOD. Thx." Sasa huku maofisini tumezoea, bosi akiandika "kindly revert" maana yake nijibu. Na EOD najua ni mwisho wa siku, nikahesabu kesho saa kumi na moja jioni. Nikamwandikia "Well noted, thanks" nikalala usingizi wa pono.

Kumbe kwa Mmarekani revert sio kujibu, ni kurudisha kitu kilivyokuwa mwanzo, yani alitaka nirudishe ile ya Jumatatu. Na mwisho wa siku ulikuwa wake, sio wangu. Saa kumi na moja jioni ya Chicago mwezi wa pili huku kwetu ni saa nane usiku, maana wako nyuma yetu masaa 9 (kuanzia Machi mpaka mwanzoni mwa Novemba wanasogeza saa zao, yanakuwa 8). Nilikuwa na masaa manne mazima ya kufanya kazi ya dakika kumi. Asubuhi nafungua simu nakuta wameshachukua ile ya Jumatano wamechapisha nakala 200. Hakunitukana, aliandika mstari mmoja tu kwamba atatafuta mtu mwingine, na ule mstari uliniuma kuliko matusi.

Tangu siku ile nikiona EOD au COB (mwisho wa saa za kazi), kabla sijagusa kazi narudisha swali: "5 pm Chicago time, right?" Hakuna mteja aliyewahi kukasirika kwa kuulizwa hivyo, hata mmoja. Na andikeni saa yao, afu pembeni kwenye daftari lako andika saa ya kwetu, sababu kichwani tunawaza saa kumi na moja halafu mkono unaandika 11, hapo umeshamchanganya mtu mzima na akili zake.

Vile vifupisho vya kawaida utavizoea haraka, PFA nimekuambatanishia, LMK nijulishe, TBC itathibitishwa, OOO mtu hayupo kazini. Vya kuogopa ni vile vyenye sura mbili. Mteja akikuambia "can't pay ATM" hazungumzii mashine ya benki, anasema kwa sasa hana. LOL nayo, David Cameron akiwa waziri mkuu wa Uingereza alikuwa anamalizia meseji zake nayo akidhani ni salamu za upendo, mpaka akaambiwa ni kucheka, jambo hilo lilisemwa hadharani mwaka 2012. Fikiria umeiweka kwenye meseji ya rambirambi.

Na sio za kazini tu. Mama yangu aliandikiwa dawa ya matone ya macho, kwenye cheti pameandikwa OD. Nilikuwa najua OD ni mara moja kwa siku, kama BD ni mara mbili na TDS mara tatu, hizo zinatoka Kilatini. Ila roho ikakataa, nikamuuliza mfamasia dirishani, akapiga simu kwa daktari, kumbe kwa watu wa macho OD ni jicho la kulia. Herufi mbili zile zile. Kwenye dawa usikisie kabisa jamani, uliza hata kama foleni nyuma yako inanung'unika.

Slangi za vijana wao mi nazichukulia kama za kwetu. Sisi tukiandika "xaxa" au "cjui" tunaelewana, mtu wa Chicago hata akae na kamusi mwezi mzima hatoki na kitu, sababu neno la kijiweni linajulikana kijiweni. Kwa hiyo Urban Dictionary, ile kamusi ya slangi ya mtandaoni, itakusaidia kupata mwanga, ila kumbuka pale yeyote anaandika anachotaka, usiibebe ukaenda kuijibia imeli ya kazi. Angalia anayesema ni nani, yuko nchi gani, mnaongelea nini.

Maana hata wenyewe kwa wenyewe wanapishana. Churchill, aliyekuwa waziri mkuu wa Uingereza, aliandika kwamba wakati wa vita ya pili ya dunia maofisa wa Uingereza na wa Marekani walibishana sana kikaoni kwa ajili ya neno "table". Waingereza walitaka waraka wao uwe "tabled", yani ujadiliwe pale pale, Wamarekani wakakataa kwa sababu kwao ni kuuweka kando, na muda wote huo walikuwa wanataka kitu kimoja.

Wiki iliyopita limenikuta hilo hilo neno. Mteja mpya, yuko Texas, kaniandikia "let's table the logo." Nikamuuliza, unataka tuimalize leo au tuiache kwanza? Dakika mbili hazijaisha kajibu, iache, endelea na brosha. Nikaendelea na brosha.