Ushauri kwa anayeanza kusoma ngano za wanyama za India

Wengi wanaoanza kusoma ngano hizi huruka moja kwa moja hadi mwisho kutafuta funzo. Vitabu vya watoto vimetuzoesha hivyo: hadithi ya kurasa mbili, kisha mstari wa wino mzito, "Hadithi hii inatufundisha kwamba..." Panchatantra, mkusanyo wa kale wa ngano za Kisanskriti, haikujengwa namna hiyo. Humo mhusika hutaja kwanza ubeti wa hekima, mwenzake humuuliza, "Ilikuwaje?", ndipo hadithi inapoanza. Ikimalizika, ubeti hurudiwa na mazungumzo huendelea. Funzo basi ni hoja ya msemaji fulani, anayetaka jambo fulani kwa msikilizaji wake. Ukimwacha msemaji nje, umeacha nusu ya hadithi.

Kwa hiyo chukua daftari, na kwa kila hadithi andika nani anasimulia, anamsimulia nani, anataka nini, na kama alikipata. Kazi hii ni ya dakika tano tu, lakini itabadilisha usomaji wako wote.

Jaribu na hadithi ya simba na sungura. Unaijua: wanyama wamekubali kumpelekea simba mmoja wao kila siku, zamu ya sungura inafika, anachelewa makusudi, anamwambia simba kuwa yuko simba mwingine, anampeleka kisimani, simba anaona kivuli chake na kukirukia. Madarasani tunasema akili hushinda nguvu, na watoto hufurahi. Sasa fungua kitabu cha kwanza cha Panchatantra umtazame msimuliaji. Ni Damanaka, bweha aliyepoteza cheo, akimweleza bweha mwenzake Karataka kwamba hila inaweza kuvunja urafiki wa simba Pingalaka na fahali Sanjivaka, ambao hawakumkosea lolote. Anafanikiwa. Fahali anauawa na simba rafiki yake, na Damanaka anabaki na cheo chake. Hadithi tunayoipenda kwa ajili ya mnyonge inatumika hapo kuhalalisha fitina.

Usikimbie ugumu huo. Kitabu chenyewe kinasema kimetungwa kwa ajili ya wana watatu wa mfalme Amarashakti, wavivu wa elimu, ambao mzee Vishnusharma aliahidi kuwafunza uongozi kwa miezi sita. Mtawala anahitaji kujua mfitini anavyozungumza, hata pale mfitini anaposhinda. Wasomaji wa kale nao walisumbuka: Ibn al-Muqaffa, aliyeitia kazi hii katika Kiarabu karne ya 8 kwa jina la Kalila wa Dimna, anahesabiwa kuwa ndiye aliyeongeza sura ya kesi ya Dimna (ndivyo Damanaka anavyoitwa humo), ambamo bweha anashtakiwa na kuadhibiwa. Ukikutana na toleo ambalo bweha analipa, jua uko kwenye mkondo wa Kiarabu.

Panchatantra ina vitabu vitano: kufarakanisha marafiki, kupata marafiki, vita vya kunguru na bundi, kupoteza ulichokipata, na kutenda bila kuchunguza. Usianze na cha kwanza. Hadithi zake zimeingiana mno, unaweza kujikuta ndani ya hadithi ya tatu bila kukumbuka nani alianza kusema. Anza na cha nne. Kinashikiliwa na kisa kimoja, cha kima na mamba, na msomaji wa Kiswahili anakifahamu tayari.

Kima anaishi juu ya mzambarau kando ya maji, anamtupia mamba matunda, wanakuwa marafiki. Mke wa mamba anaona wivu na kutaka moyo wa kima. Katikati ya maji mamba anatoboa siri, kima anasema moyo ameuacha juu ya mti, anarudishwa, anaokoka. Mamba anapombembeleza arudi, kima anamsimulia kisa cha punda: bweha alimpeleka punda wa dobi kwa simba mgonjwa, punda akaponea, akashawishiwa tena, akarudi, akauawa. Simba alipokwenda kuoga bweha akala moyo na masikio, kisha akamwambia simba: angekuwa na moyo na masikio, angerudi mara ya pili?

Huyu ndiye "punda wa dobi" wa hadithi iliyokusanywa Zanzibar na mmisionari Mwingereza Edward Steere na kuchapishwa 1870, yenye papa badala ya mamba na mkuyu badala ya mzambarau. Hapa ndipo wanaoanza huteleza. Wanaona kima na moyo, wanatangaza asili. Mnyama na mti hubadilika kila pwani, havithibitishi kitu peke yake. Kinachothibitisha undugu ni mpangilio: kisa cha punda asiye na moyo wala masikio kikiwa tumboni mwa kisa cha kima, kikisimuliwa na kima mwenyewe kama jibu. Mpangilio huo uko Panchatantra, uko Kalila wa Dimna, ambamo mnyama wa majini ni kobe na mti ni mtini, na uko Zanzibar.

Linganisha na Jataka, mkusanyo wa Kibudha wenye hadithi 547 kwa Kipali, lugha ya kale ya India. Katika ya 208 hakuna urafiki kabisa: mamba anamrubuni kima kwa matunda ya ng'ambo ya mto Ganges, na punda hayupo. Jataka pia ina umbo lake: tukio la wakati wa Buddha, hadithi ya zamani, ubeti, kisha utambulisho wa nani alikuwa nani. Kima alikuwa Buddha mwenyewe katika maisha ya awali, mamba alikuwa Devadatta, hasimu wake. Ukikata sehemu ya kwanza na ya mwisho, kama wengi wafanyavyo, inabaki hadithi ya ujanja tu, na maana ya kidini imepotea.

Kwa wanaosimulia darasani, angalizo moja juu ya hadithi ya nguchiro wa nyumbani na nyoka, kutoka kitabu cha tano cha Panchatantra. Wengi huficha kilichotokea chumbani ili kuleta mshangao. Usifanye hivyo. Msikilizaji lazima amwone nyoka akiingia, amwone nguchiro akimuua kando ya mtoto, kisha amfuate akikimbia na damu mdomoni kumpokea mama anayetoka kuteka maji. Mama akidhani nguchiro amemuua mwanawe na kumwangushia mtungi, wasikilizaji wote wanajua ukweli isipokuwa yeye. Ukificha, watapata kitendawili, hawatapata majuto. Na taja unasimulia toleo gani. Katika Hitopadesha ya Narayana, mkusanyo mwingine wa Kisanskriti, anayemuua nguchiro ni baba, na mwanafunzi atakayekwenda kuisoma huko atadhani mwalimu wake alikosea.