Anza na njaa: namna ninavyosoma maisha ya waliotutangulia Dodoma

Mtu akiniuliza aanzie wapi kuijua historia ya Dodoma, humwambia aanze na njaa. Wengi hutaka kuanza na makao makuu: uamuzi wa TANU wa mwaka 1973, Bunge kuhamia huku, tangazo la Magufuli la 2016, hadhi ya jiji mwaka 2018. Hayo yameandikwa na yataendelea kuandikwa. Njaa ndiyo inayokuonyesha watu wakiamua: nani anauza nini, nani anahama, nani anabaki na wazee, nani anaazima mbegu na kwa masharti gani. Nimekuja kuamini kwamba faida kubwa ya kusoma maisha ya watu waliopita iko hapo, kwenye uamuzi walioufanya wakati hawajui mambo yataishaje. Sisi tunaosoma tunajua yaliishaje, na ndiyo maana huwa wepesi wa kuwahukumu.

Chukua Mtunya, njaa kubwa ya Ugogo, nchi ya Wagogo hapa Dodoma, kati ya 1917 na 1920. Haikuletwa na ukame peke yake. Vita Kuu ya Kwanza ilipita katikati ya nchi hii. Wajerumani walichukua nafaka, ng'ombe, na vijana wa kubeba mizigo ya jeshi. Julai 1916 majeshi ya upande wa Waingereza yakaingia Dodoma, nayo yakaendelea kuchukua yale yale. Mvua zilipokuja kukata, vihenge vilikuwa vitupu na wenye nguvu za kulima wengi hawakuwepo nyumbani. Makadirio ya wanahistoria ni kwamba walikufa watu kama 30,000 katika watu wapatao 150,000, yaani mmoja katika kila watano.

Ukilisoma hilo kama tukio, utasikitika na kufunua ukurasa unaofuata. Ukilisoma ukitafuta uamuzi, maswali yanaanza kujitokeza. Ugogo ulikuwa umezoea ukame tangu enzi na enzi, na watu wake walikuwa na njia zao za kuuvuka: akiba ya nafaka, mifugo iliyogawanywa kwa ndugu na marafiki wa mbali ili isife yote kwa pamoja, na safari za kwenda kuhemea kwa majirani. Vita ilizivunja njia hizo moja baada ya nyingine kabla mvua haijakata. Kwa hiyo, ninapotazama kaya yoyote leo, yangu ikiwemo, kwanza natazama kama bado ina njia za kuvuka mwaka mbaya, kisha ndipo nije kwenye mvua. Sikulipata hilo kwenye semina. Nimelipata kwa kusoma Mtunya polepole.

Mathias Mnyampala alizaliwa Ihumwa mwaka huo huo wa 1917, njaa ikiwa inaanza. Wengi tunamjua kwa mashairi na ngonjera, lakini ndiye pia aliyetuandikia kwa Kiswahili historia, mila na desturi za Wagogo, kitabu kilichotoka mwaka 1954. Alifariki mwaka 1969, na habari za maisha yake alizoziandika mwenyewe, *Maisha ni Kugharimia*, zilichapishwa mwaka 2013. Nakushauri, ukivipata vyote viwili, uvisome kwa kufuatana. Katika kimoja anasema kwa niaba ya kabila zima, katika kingine anasema kwa niaba yake. Mtu yule yule akibadilisha nafasi ya kusimama, anachokiona kinabadilika, na msomaji anayelizoea hilo hadanganywi kirahisi na kitabu chochote cha historia.

Kumbuka pia kwamba Mnyampala alikuwa mtumishi wa serikali, mtu wa ofisi na baraza. Habari za koo na watemi utazipata kwake kwa wingi. Kilichokuwa kinapikwa, na nani alikula mwisho, hayo yanakaa kwa bibi zetu.

Bibi yangu wa Mvumi alinisimulia miaka ya katikati ya sabini, ukame ulipoibana nchi nzima na watu wakala unga wa njano, ule ulioitwa yanga. Nilimuuliza, "Bibi, mlijuaje kwamba mwaka umeharibika?"

"Uwele ulitoa masuke, mvua ikakata. Babu yako akasema mbuzi waende mnadani wiki ile ile."

"Mbona mapema hivyo, bibi?"

"Mjukuu wangu, ukingoja kila mtu apeleke, nani atanunua?"

Jibu hilo nimelirudia kichwani mara nyingi kuliko kurasa nyingi nilizosoma. Njaa inapokolea, bei ya nafaka hupanda na bei ya mifugo huporomoka kwa wakati mmoja, kwa sababu wote wanauza mnyama na wote wanatafuta debe la mtama. Anayeuza mbuzi wakati mbuzi bado ana mwili na mnunuzi bado ana hela anapata madebe; anayengoja hadi Februari anapata kisahani. Babu aliuza mbuzi, akabakiza ng'ombe majike na maksai wa kulimia, maana mvua ingerudi na shamba lingehitaji kulimwa. Bibi naye alikuwa ameshakausha mlenda na kunde za kutosha, akazifunga, akaziweka juu darini ndani ya tembe ambako moshi unafukuza wadudu. Akanieleza hata mgawo: watoto asubuhi na jioni, wakubwa jioni tu, na mbegu za msimu ujao zilikaa chini ya kitanda chake mwenyewe ili asipatikane wa kuzionja.

Nisingemuuliza hivyo, angeniambia kama anavyomwambia kila mtu: "Tuliteseka sana." Na ni kweli waliteseka. Ila mateso yakisimuliwa kwa jumla hayamfundishi anayesikiliza. Kwa hiyo ushauri wangu kwa yeyote anayekaa na mzee ni huu: usiulize walijisikiaje, uliza walifanya nini kwanza, kisha nini. Uliza walikula nini kati ya Januari na Machi, miezi ambayo shamba bado halijatoa na akiba inakwisha. Uliza nani alikataa, maana katika kila ukoo yupo aliyekataa kuuza au kuhama, na habari zake zinafaa sawa na za waliokubali.

Usimbane mzee kwa mwaka. Muulize ilikuwa kabla au baada ya jambo ambalo kila mtu analikumbuka. Vita vya Kagera, 1978 hadi 1979. Kifo cha Waziri Mkuu Sokoine, Aprili 1984, akitoka hapa hapa Dodoma bungeni. Mvua za El Niño za 1997 na 1998. Ajali ya treni ya Igandu, Juni 2002. Miaka utaipanga wewe baadaye.

Mwache azungumze lugha anayoiwaza. Mzee wa Kigogo au wa Kirangi ukimlazimisha Kiswahili atakupa habari fupi na za adabu. Rekodi kwa simu, kwa ruhusa yake, na likiwepo analotaka lisitoke nje ya familia, basi lisitoke. Nimesikia mambo ya mirathi na ndoa ambayo sitayaandika popote.

Kuna habari ambazo lazima usikilize pande mbili, na kwa mkoa wetu kubwa ni Operesheni Dodoma. Ilianza mwaka 1971, watu wakahamishwa kutoka kwenye makazi yaliyotawanyika na kuingizwa kwenye vijiji vya ujamaa, miaka michache kabla ya operesheni ya nchi nzima. Ukizungumza na aliyekuwa balozi wa nyumba kumi atakueleza shule, zahanati, bomba la maji. Ukizungumza na aliyehamishwa atakueleza umbali mpya kutoka nyumbani hadi shambani, na ng'ombe waliorundikana kwenye malisho madogo. Wote wawili wanasema kweli. Anayemsikiliza mmoja akaridhika ataondoka na nusu ya habari akidhani anayo yote, na mabishano mengi ninayoyasikia kuhusu enzi za Mwalimu ni ya watu wa namna hiyo.

Kuhusu kumbukumbu za viongozi nitasema kidogo. Zisome, hasa zilizoandikwa kwa Kiswahili kama za Mzee Ali Hassan Mwinyi zilizotoka mwaka 2021, lakini usiharakishe kufika Ikulu. Kaa kwenye mwaka 1977, alipojiuzulu uwaziri wa mambo ya ndani kwa sababu ya watu waliofia mikononi mwa vyombo vya dola Mwanza na Shinyanga. Wakati ule hakujua kwamba miaka minane baadaye angekuwa Rais. Alijua tu kwamba anaondoka. Mimi hapo husimama nikajiuliza maswali yanayonihusu mwenyewe.

Kongwa inahitaji makala yake. Mwaka 1947 Waingereza walileta pale mradi wa karanga, matingatinga kwa mamia, na lengo la kusafisha ekari 150,000 katika mwaka wa kwanza. Zilizopandwa mwaka huo hazikufika hata sehemu ya kumi. Mibuyu iliwashinda, udongo mwekundu ukikauka unakuwa mgumu kiasi cha karanga kutong'oka, na mvua za pale ni chache na hazitabiriki. Mwaka 1951 mradi ulifungwa, baada ya kula pauni milioni 36 hivi. Mpango mzima ulisimama juu ya ziara ya wiki chache ya wataalamu waliokuja mwaka 1946, wakati jirani tu palikuwa na watu waliokuwa wakiusoma udongo ule na mvua zile kwa vizazi. Hapo hapo Kongwa, kuanzia miaka ya 1960, waliishi wapigania uhuru wa FRELIMO, ANC, SWAPO na vyama vingine vya kusini mwa Afrika. Waliokuwa watoto wakati huo, wakicheza jirani na kambi zile, sasa ni wazee. Kama una ndugu Kongwa, nenda mwaka huu.

Habari za mradi wa karanga ndizo zilizonifanya, nilipokuwa natafuta kiwanja pembezoni mwa jiji, nisitosheke na ramani na bei. Dalali alinionyesha eneo tambarare, zuri, mwezi wa Agosti, vumbi tupu. Nikamtafuta mzee aliyekuwa na zizi upande wa pili wa barabara. Nikamwamkia, "Shikamoo babu," tukaongea habari za mifugo kwanza, kisha nikamuuliza maji yalipita wapi mwaka wa El Niño. Aliinuka na fimbo yake akatembea nami. Akanionyesha mgunga ambao gome lake lina alama hadi usawa wa goti, akanionyesha mchanga mlaini mahali ambapo kote pembeni ni udongo mgumu. "Korongo limelala," aliniambia. "Mbuzi wangu walisombwa hapa, na zizi nikalihamishia kule juu."

Nilinunua kiwanja kingine, upande wa zizi lake. Maelezo yake niliyaandika pamoja na mchoro wa mahali maji yalipopita, nikampelekea mwenyekiti wa mtaa nakala kwa idhini ya mzee, kwa sababu nyumba zinaongezeka kwenye lile tambarare na wengi wanaojenga wamehamia miaka ya karibuni na ofisi zao. Hawajawahi kuiona Dodoma ikinyeshewa vile.