Kitabu au jarida? Jibu kwa mleta uzi wa maboksi ya msaada

Mkuu, umesema maktaba ya chuo chenu hapa Mwanza imeshushiwa maboksi ya msaada, ndani yake vitabu vya uvuvi vyenye namba mgongoni, ripoti za mwaka na majarida, na wenzako wanabishana kipi kiende rafu ipi. Msiangalie unene wala jalada. Jiulizeni kama mchapishaji alikusudia kifike mwisho. Kitabu cha juzuu tatu ni monografia, yaani chapisho lenye mwisho uliopangwa, hata kama juzuu ya tatu ilichelewa miaka tisa. Ripoti ya mwaka yenye kurasa 300 na jalada gumu ni chapisho la vipindi, maana hakuna aliyepanga itaishia lini.

Ugomvi wenu nadhani uko kwenye mfululizo wa monografia: kila juzuu ina mwandishi na jina lake, ila zote ziko chini ya jina moja la mfululizo na zina namba. Humo mtakuta ISSN (namba ya kimataifa ya machapisho ya vipindi) na ISBN (namba ya kimataifa ya vitabu) kwenye ukurasa mmoja. Si kosa, ISSN ni ya mfululizo mzima, ISBN ni ya juzuu hiyo tu. Kila juzuu ipeni rekodi yake kwenye katalogi, jina la mfululizo na namba viingie uga 490 na 830 za MARC (muundo wa rekodi za katalogi ya kompyuta), na namba ya rafu ifuate mada. Mwanafunzi anayetafuta habari za sangara haji kuuliza Na. 27 ya mfululizo fulani, anauliza sangara. Mkizirundika juzuu 40 chini ya rekodi moja, waandishi 40 mmewazika. Zikae pamoja pale tu ambapo ni vijitabu vyembamba na walimu wamezoea kuvitaja kwa namba. Mkishaamua, andikeni uamuzi kwenye daftari la katalogi, la sivyo wa zamu ijayo ataweka Na. 12 kwenye 639.2 (namba ya uvuvi katika mfumo wa Dewey) na Na. 13 kwenye majarida.

ISSN iliyofifia tarakimu ya mwisho msiikisie, ipigieni hesabu. Chukua tarakimu saba za kwanza, tuseme 0317-847, uzizidishe kwa 8, 7, 6, 5, 4, 3, 2 kwa mpangilio huo: 0+21+6+35+32+12+14, jumla 120. Gawanya kwa 11, baki ni 10. Toa 10 kwenye 11, unapata 1. Kwa hiyo ni 0317-8471. Jibu likiwa 10 huandikwa X. Baki ikiwa sifuri, tarakimu ya mwisho ni 0.

Sasa jambo linaloharibu katalogi nyingi: jarida kubadili jina. Tanganyika Notes and Records lilianza 1936, na katika miaka ya 1960 likawa Tanzania Notes and Records. Namba ziliendelea, lakini neno la kwanza limebadilika, kwa hiyo ni rekodi mbili: ya zamani inaelekeza mbele kwa uga 785, mpya inaelekeza nyuma kwa 780. Badiliko dogo, kama alama ya "na" (&) kuandikwa kwa neno kamili, halihitaji rekodi mpya. Ripoti zinazoitwa "ripoti ya mwaka" tu zitazameni kwa jina la taasisi. Ile ya utafiti wa samaki iliyoanzishwa Jinja 1947 ilikuwa EAFRO (East African Fisheries Research Organization), baadaye ikaitwa EAFFRO kwa kuongezwa neno Freshwater, na Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika 1977 ikabaki kuwa ya Uganda. Taasisi ikibadili jina, rekodi nayo hubadilika. Kwenye rafu zikae zinafuatana, msomaji asihangaike.

Orodha ya mlicho nacho iandikwe kikamilifu kwenye uga 866, kwa mfano (jz. ni juzuu, na. ni namba): jz. 3, na. 1 – jz. 7, na. 4 (1998–2002), jz. 5, na. 2 haipo. Kuandika "1998–2002" peke yake ni kumdanganya mtu aliyepanda kivuko kutoka Ukerewe kufuata toleo hilohilo. Majarida mnayolipia yaingizeni kwenye sehemu ya majarida ya Koha, programu ya kuendeshea maktaba, ili toleo lililochelewa lionekane mapema. Wachapishaji wengi hawapokei madai ya toleo lisilofika baada ya miezi michache.

Kujalidi, subirini juzuu itimie. Fundi atoe pini zote za chuma kwanza, kwa unyevu wa ziwa zinashika kutu na kutoboa karatasi. Unene usizidi sentimita 5 au 6, mgongo utapasuka. Mwonyesheni toleo lenye nafasi finyu zaidi upande wa ndani, maana akishona pembeni herufi zinamezwa. Na asikate kingo kabla ya kupima matoleo yote. Jarida likibadili ukubwa katikati ya mwaka, kisu kinaondoka na namba za kurasa.

Rafu ziachane na ukuta kama sentimita 5, ya chini iwe juu ya sakafu angalau 10, mchwa na maji ya masika vyote hupita chini. Chenye ukungu kitengeni, kikaukie kivulini penye feni, kipigwe brashi nje. Jioni wale wadudu wa ziwani wakitanda, zimeni taa za upande wa dirisha kabla ya kufunga. Wakifia kwenye majarida yaliyoachwa wazi, doa halitoki.